MGENI JUU YA PUNDA: SOMO LA LAMU KWA WAFUGAJI WA KAHAMA

Kila asubuhi unamwona punda. Anavuta mkokoteni wa maji. Anabeba magunia ya mpunga na mahindi kutoka shambani. Kwenye machimbo madogo anabeba mawe ya dhahabu kutoka shimoni mpaka kwenye karasha. Jioni anafunguliwa, anajitafutia majani kando ya njia. Umemzoea sana, hata humtazami tena.

Je, unajua kwamba ziko nchi ambako wageni hulipa fedha ili wapande mgongoni mwa mnyama, watembezwe polepole, watazame nchi tu? Hawaendi sokoni. Hawabebi mzigo. Wanalipa ili waone bahari, minazi na mashamba, kisha warudi walikotoka.

Leo tutaizungumza kazi hiyo. Tutaona inafanywaje, kwa nini farasi ni taabu kufugwa huku kwetu, na watu wa Lamu wanaweza kutufundisha nini sisi wa Kahama.

KAZI YENYEWE

Kwenye pwani ya Afrika Mashariki mnyama wa kazi hiyo mara nyingi ni farasi. Kusini ya Mombasa, katika ufuo wa Diani, wageni hupanda farasi wakapita ukingoni mwa maji. Kisiwani Unguja hufanya hivyo upande wa kaskazini. Hata Tanzania Bara, karibu na mlima Kilimanjaro, yapo mashamba ambayo wageni hupanda farasi wakazunguka vijijini na porini.

Mambo huenda hivi. Mgeni huulizwa kwanza kama amewahi kupanda farasi. Huulizwa pia uzito wake. Kisha huchaguliwa mnyama wa kumfaa. Mgeni asiye na uzoefu hupewa mnyama mtulivu. Huvishwa kofia ngumu ili akianguka asipasuke kichwa. Huonyeshwa namna ya kushika hatamu na namna ya kutia miguu katika vikuku. Hapo ndipo safari huanza.

Kiongozi hutangulia. Yeye anaijua njia. Anajua saa ya maji kujaa na saa ya maji kupwa, maana maji yakijaa ufuo hupungua na njia hufungwa. Anajua mchanga mgumu uko wapi, na wapi mnyama atazama. Huchagua saa za asubuhi na jioni, jua likiwa halichomi.

Ukitazama vizuri utaona kwamba mgeni halipi kwa ajili ya mnyama peke yake. Analipa ili arudi salama. Kwa hiyo kazi hii husimama juu ya nguzo mbili: mnyama mwenye afya, na kiongozi mwenye maarifa.

FARASI WA STANLEY

Huenda unajiuliza: mbona sisi hatuna farasi? Watu wamejaribu tangu zamani.

Mwezi Machi mwaka 1871 Henry Morton Stanley aliondoka Bagamoyo kuja bara. Alikuwa akimtafuta Daktari Livingstone. Katika msafara wake walikuwamo farasi wawili. Mmoja alikuwa zawadi ya Sultani wa Unguja, Sayyid Barghash. Hawakufika mbali. Hata kabla msafara haujaiacha nchi ya karibu na pwani, farasi wote wawili walikuwa wamekufa. Stanley alimpasua mmoja akakuta minyoo tumboni.

Minyoo ni adui mmoja tu. Farasi ana maadui wengine wawili wakubwa katika nchi zetu.

Wa kwanza ni mbung'o. Mdudu huyu wewe unamfahamu. Huuma mnyama na kumwambukiza nagana. Mnyama hukonda, damu hupungua, mwisho hufa. Mapori ya Shinyanga na Kahama yalijulikana mno kwa mbung'o. Ndiyo maana katika miaka ya 1930 Shinyanga ilikuwa makao makuu ya utafiti wa mbung'o katika Tanganyika.

Adui wa pili ni mdogo zaidi. Ni visubi, wadudu wadogo wanaouma hasa usiku. Visubi hueneza ugonjwa uitwao homa ya farasi. Farasi mgeni akiupata, mara nyingi hafiki wiki mbili. Mapafu hujaa maji, povu hutoka puani, anakufa.

Punda naye anaweza kuingiwa na homa hiyo, lakini kwa kawaida haimwangushi. Nagana pia huivumilia kuliko farasi. Hakuna asemaye punda haugui. Anaugua. Lakini amezaliwa katika bara hili, na mababu zake waliishi katika nchi kavu za kaskazini mashariki ya Afrika. Jua, ukame na majani makavu amevizoea.

Basi, ndugu msomaji, mtu akikushauri uuze ng'ombe wako ununue farasi wa kukodisha kwa wageni, mwambie unayo sababu ya kukataa. Unaye mnyama tayari.

PUNDA WA LIVINGSTONE NA NYUKI

Hata wasafiri wa zamani walikuja kutegemea punda. Njia za misafara zilipita katika nchi yetu. Mwaka 1858 Mwingereza John Hanning Speke alitoka Kazeh, yaani Tabora ya leo, akaenda kaskazini mpaka akaliona Ziwa Nyanza karibu na Mwanza. Njiani alipita Msalala. Jina hilo leo ni la Halmashauri ya Wilaya. Wapagazi wa Kinyamwezi walisifika pwani nzima kwa nguvu na uvumilivu. Mbele ya msafara alitembea kiongozi wa njia, ambaye siku hizo aliitwa kirangozi. Kwa hiyo kazi ya kumwongoza mgeni si ngeni kwetu. Babu zetu waliifanya.

Sikiliza kisa kimoja. Stanley alimpata Livingstone Ujiji mwaka 1871. Baadaye wakafunga safari pamoja kuja Tabora. Livingstone alikuwa dhaifu, kwa hiyo Stanley alimnunulia punda wa kupanda.

Mwezi Januari mwaka 1872, wakiwa njiani, nyuki waliwavamia. Punda mmoja alitimka mbio. Lakini yule wa Livingstone alijiangusha chini akagaagaa. Mzee naye akaanguka. Akakimbilia kichakani, akipunga tawi la mti kuzunguka kichwa chake. Alipona, ingawa uso ulimvimba. Punda aliumwa kichwani, usoni na midomoni. Baada ya siku mbili akafa.

Wewe unayeishi katika nchi ya asali unaelewa kisa hiki kuliko mtu wa mjini. Unajua mizinga yako iko wapi, na mwezi gani nyuki ni wakali. Mgeni hajui. Hayo ndiyo maarifa ya kiongozi. Hayanunuliwi dukani. Yamo kichwani mwa mtu aliyekulia mahali hapo.

LAMU, KISIWA CHA PUNDA

Sasa twende Lamu. Lamu ni kisiwa katika pwani ya kaskazini ya Kenya. Mji wake ni wa kale sana, na mwaka 2001 uliingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia. Nyumba zake ni za mawe ya matumbawe. Vichochoro vyake ni vyembamba, gari haliwezi kupita. Kwa hiyo kila kitu hubebwa na punda: mchanga, mawe, saruji, maji, hata bibi harusi.

Na wageni pia. Kutoka mjini, mgeni anaweza kufuata pwani mpaka Shela, kilometa tatu hivi. Huko kuna ufuo mrefu na vilima vya mchanga. Au anaweza kukata katikati ya kisiwa mpaka kijiji cha Matondoni, ambako mafundi huunda majahazi. Njia hupita katika mashamba ya minazi na miembe. Mgeni hupanda punda, na kijana mwenyeji humwongoza. Njiani kijana humwonyesha mti huu na mti ule, humsalimisha kwa wazee, humweleza jahazi linavyoundwa.

Kuna jambo jingine. Katika sikukuu za Lamu hufanywa mashindano ya punda. Vijana hupanda bila tandiko wakashindana mbio kando ya bahari, na mji wote hutoka kutazama. Lakini yako mashindano ya namna nyingine, na haya ndiyo ninayotaka uyakumbuke. Ni mashindano ya punda aliyetunzwa vizuri. Hapo mshindi si mwenye mbio. Mshindi ni yule ambaye punda wake hana kidonda, hakukonda, kwato zake ni safi, na hamwogopi bwana wake.

Lamu haikuwa hivyo siku zote. Zamani punda wengi walikuwa na vidonda vya mizigo, na wengi walikufa mapema kwa minyoo. Mwaka 1987 shirika la kutunza punda kutoka Uingereza lilifungua zahanati ya punda mjini humo. Punda hutibiwa bila malipo. Wenye punda wakajifunza kwamba mnyama aliyepewa dawa ya minyoo hufanya kazi miaka mingi zaidi.

PUNDA AFE, MZIGO UFIKE?

Wahenga walisema: “Punda afe, mzigo ufike.” Methali hii ina busara yake. Inatufundisha tusikate tamaa kabla kazi haijaisha. Lakini mtu akiifuata kwa punda wake hasa, atapata hasara. Punda akifa leo, mzigo wa kesho utabebwa na nani?

Hebu tufanye hesabu. Mbuzi huchukua mimba miezi 5. Ng'ombe huchukua miezi 9. Punda huchukua miezi 12 hivi, na huzaa mtoto mmoja. Mtoto huyo hafai kwa mzigo mzito mpaka afike miaka 4. Kwa hiyo punda akifa leo, itakupasa kungoja miaka 5 ili umpate mwingine kwa kuzalisha.

Tumeliona jambo hili kwa macho yetu. Nchini China kuna dawa iitwayo ejiao, inayotengenezwa kwa kuchemsha ngozi ya punda. Biashara ya ngozi ilipokua, machinjio ya punda yalifunguliwa Afrika, pamoja na hapa Shinyanga na kule Dodoma. Punda walichinjwa wengi. Wengine waliibwa usiku. Mama aliyeamka asubuhi akakuta kamba tupu, siku hiyo alibeba ndoo kichwani. Mwishoni mwa mwaka 2021 Serikali yetu ilipiga marufuku kuchinja punda. Mwezi Februari 2024 viongozi wa Umoja wa Afrika, katika mkutano wao Addis Ababa, walikubaliana kupiga marufuku biashara hiyo katika bara zima.

Ngozi huuzwa mara moja. Mgongo wenye afya hukulipa kila siku kwa miaka mingi. Punda akitunzwa vizuri anaweza kuishi miaka 30 na kuzidi. Akiteswa, nusu ya miaka hiyo haifikishi.

MAMBO SABA YA KUFANYA

Kahama haina bahari. Wageni wetu wengi huja kwa ajili ya dhahabu, mpunga na biashara, wengine hupita tu na malori kwenda Rwanda na Burundi. Hatukuambii uache jembe ungoje watalii. Tunakuambia uchukue kutoka Lamu kile kinachofaa, yaani utunzaji. Awe punda wa mkokoteni, awe punda wa kupandwa na watoto siku ya sikukuu, kanuni ni zile zile.

1. Angalia umri. Usimpe punda kazi nzito kabla hajatimiza miaka 4. Mifupa yake bado ni laini.

2. Angalia uzito. Wataalamu wa punda hushauri kwamba mtu anayempanda asizidi kilo 50. Mtu mzito atembee, na punda abebe mizigo yake midogo. Watu wawili wasimpande punda mmoja. Punda mwenye mimba kubwa apumzishwe.

3. Tengeneza tandiko. Usiweke mzigo juu ya uti wa mgongo. Shona mito miwili ya magunia, uijaze majani makavu au pamba, ikae kushoto na kulia, katikati pabaki wazi. Kamba nyembamba hukata ngozi. Tumia mkanda mpana.

4. Osha vidonda. Kidonda kidogo kioshe kwa maji safi ya chumvi, na umpumzishe punda mpaka kipone. Usifunge mzigo juu ya kidonda. Punda na farasi hupata pepopunda upesi kupitia kidonda. Jina lenyewe la ugonjwa linakukumbusha.

5. Mpe maji na chakula. Punda hunywa lita 10 mpaka 25 kwa siku, kwa kadiri ya joto na kazi. Mpe maji safi asubuhi, mchana na jioni. Usimwachie ajitafutie chakula majalalani. Mifuko ya plastiki humziba utumbo.

6. Safisha kwato kila siku. Toa mawe na matope kwa kijiti butu. Kwato zikirefuka zikatwe na mtu anayejua.

7. Mwite Bwana Mifugo. Mwombe dawa ya minyoo. Ukiona punda anakula lakini anakonda, au ana homa inayokuja na kuondoka, usingoje. Huenda mbung'o amemwuma.

Zaidi ya hayo, weka fimbo chini. Punda akisimama njiani, watu husema ni mkaidi. Mara nyingi sivyo. Punda akiogopa hakimbii upesi kama farasi. Husimama akafikiri. Huenda ameona nyoka, au daraja bovu, au mzigo unamchoma. Tazama kwanza, ndipo umhimize. Kumtesa mnyama ni kosa chini ya Sheria ya Ustawi wa Wanyama ya mwaka 2008.

KIONGOZI MWEMA

Na ikiwa siku moja mgeni atakuomba umtembeze, kumbuka haya. Mwambie bei kabla ya safari, usimgeuzie njiani. Ipite njia wewe mwenyewe siku hiyo kabla hujampitisha yeye. Mshike punda kamba, usimwachie mgeni peke yake. Usikaribie mashimo ya machimbo ya zamani, wala miti yenye mizinga. Mgeni asitembezwe katika shamba la mtu bila ruhusa ya mwenyewe, wala kijijini bila viongozi wa kijiji kujua. Na kama unataka kuifanya kazi hiyo daima, nenda ukaulize habari za leseni, kwa kuwa kuongoza watalii kwa malipo kunatawaliwa na Sheria ya Utalii ya mwaka 2008.

Wahenga walisema pia: “Mgeni njoo, mwenyeji apone.” Lakini mwenyeji hawezi kupona kama mnyama wake anakufa.

Ndugu msomaji, ukimaliza kusoma gazeti hili, toka nje. Mwendee punda wako. Pitisha mkono wako juu ya mgongo wake, taratibu, kutoka shingoni mpaka mkiani. Akitulia, huenda hana maumivu. Akishtuka na kujikunja, umepata pa kuanzia kazi. Anza leo.

JADILINI PAMOJA

Someni makala hii katika darasa lenu la kisomo, kisha mjadili:

1. Kwa nini farasi hufa upesi katika nchi yenye mbung'o na visubi?

2. Katika kijiji chenu, punda wangapi wana vidonda vya mgongo? Vidonda hivyo vimetokana na nini?

3. Je, kijiji chenu kinaweza kufanya mashindano ya punda aliyetunzwa vizuri? Ni nani atakayechagua mshindi, na mtamwalika nani kuja kufundisha siku hiyo?